Sera Nzuri, Watendaji Wabaya?

Upo usemi mmoja ambao umekuwa kinga ya wakubwa katika nchi hii kwa zaidi ya miaka hamsini. Husikika mikutanoni, seminani na katika vikao vya halmashauri, nao ni huu: sera ni nzuri, kasoro iko katika utekelezaji. Anayeutamka huwa ameketi meza kuu. Wanaousikiliza ni mabwana shamba, walimu wakuu, watendaji wa kata na maofisa mipango wa wilaya. Lawama yote huwashukia hao, naye msemaji huondoka akipigiwa makofi.

Usemi huo ni wa uongo na unastahili kukataliwa. Sera isiyoweza kutekelezwa na watu waliopo, kwa fedha zilizopo na katika muda uliowekwa, haina haki ya kuitwa nzuri. Aliyeipitisha alikuwa na madaraka ya kuuliza, akaona kuuliza ni kupoteza wakati.

Litazamwe suala la vijiji. Andiko la Ujamaa Vijijini la mwaka 1967 lilieleza waziwazi kwamba watu wataingia katika ujamaa kwa kuelewa na kwa hiari yao, wala hawatalazimishwa. Novemba 1973 ikatangazwa kuwa kuishi vijijini ni amri, na mwisho wa mwaka 1976 ukawa ndio kikomo. Tangu hapo ofisa wa wilaya hakupimwa tena kwa ubora wa udongo, wala kwa upatikanaji wa maji, wala kwa umbali kutoka nyumbani hadi shambani. Alipimwa kwa idadi ya kaya zilizohamishwa. Bwana shamba aliyejua kuwa ardhi ya kando ya barabara haifai kwa mtama hakuulizwa habari za mtama. Aliulizwa hesabu ya siku. Nyumba zilipochomwa moto, na mikorosho ya Kusini ilipoachwa ikamezwa na pori, ikasemwa kuwa watendaji walivuka mipaka. Baadhi yao walivuka kweli, na hakuna haja ya kuwatetea. Lakini tarehe iliwekwa na nani? Mtu aliyepewa miaka mitatu kuwahamisha mamilioni ya watu, bila malori ya kutosha na bila upimaji wa ardhi, ameshaelezwa namna ya kuwahamisha, hata kama neno "nguvu" halimo katika waraka wake.

Watatokea wa kusema kwamba wakulima wangengojwa waamue wenyewe, wangengojwa mpaka leo. Jibu la hoja hiyo liko Ruvuma. Huko Litowa, vijana wa TANU walianza kuishi na kulima pamoja miaka ya mwanzo ya uhuru, kabla ya Azimio la Arusha, bila kuamriwa na mtu yeyote. Chama chao cha Maendeleo cha Ruvuma kilifikia vijiji zaidi ya kumi. Kilikuwa na mashine ya kusaga nafaka na shule ambayo wageni walikwenda kujifunza kwayo. Walichofanya ndicho kilichohubiriwa na andiko la mwaka 1967. Septemba 1969 Kamati Kuu ikakivunja chama hicho, na mali zake zikachukuliwa. Kosa lake kubwa lilikuwa kwamba wakulima wale walizoea kuamua mambo yao, na wakubwa wa mkoa hawakupata pa kushika. Miaka minne baadaye serikali hiyohiyo ikatuma malori kwenda kuwatafuta wakulima wa kuishi pamoja.

Hapa ndipo kiini cha mambo kinapoonekana. Mwenye madaraka akishaona kuwa kukataliwa ni uasi, huanza kuviondoa vyombo vinavyoweza kumkatalia. Mwongozo wa TANU wa mwaka 1971 ulidai wananchi wawe na sehemu katika kuyawaza mambo yao, kuyapanga na kuyatekeleza. Haukupita hata mwaka mmoja na nusu, halmashauri za wilaya zikafutwa chini ya mpango wa Madaraka Mikoani wa mwaka 1972, na za miji zikafuata. Mpango wenyewe ulichorwa kwa ushauri wa McKinsey, kampuni ya washauri kutoka Marekani. (Nchi iliyokuwa ikihubiri kujitegemea ilikwenda kuwauliza washauri wa makampuni ya kibepari namna ya kuwapa wakulima madaraka!) Madaraka yalifika mikoani kweli, lakini yalishukia katika ofisi za Wakuu wa Mikoa na Wakurugenzi wa Maendeleo, yakaishia humo. Diwani aliyekuwa akisimama kuuliza kwa nini zahanati haina dawa akarudishwa nyumbani.

Mei 1976 ikawa zamu ya vyama vikuu vya ushirika. Ni kweli vilikuwa na wizi na upendeleo, na tume ya uchunguzi ilikwisha kuyaeleza hayo katika miaka ya sitini. Lakini vilikuwa mali ya wanachama. Chama Kikuu cha Ushirika cha Kilimanjaro kilianzishwa mwaka 1933, chini ya utawala wa Mwingereza, na Mwingereza pamoja na ukoloni wake hakukifuta. Mahali pa vyama hivyo pakaingia mamlaka za mazao, na mkulima aliyecheleweshewa malipo ya pamba au kahawa yake akawa hana mkutano wa kulalamikia wala kiongozi wa kumng'oa.

Serikali yenyewe ilitambua. Halmashauri za miji zilirudishwa mwaka 1978. Sheria za mwaka 1982 zikarudisha ushirika na serikali za mitaa, na halmashauri za wilaya zikaanza kazi mwaka 1984. Mwaka huohuo Mwalimu Nyerere, katika mahojiano na jarida moja la London, alisema kwamba kama angeanza upya asingefuta serikali za mitaa wala vyama vya ushirika, na akataja papara na kutojua kuwa chanzo. Hakusema kwamba sera ilikuwa nzuri ila maofisa walikuwa wabovu. Wanaomtaja kila siku majukwaani wangefaa kumwiga katika hilo.

Walimu wanaujua usemi huo wa utekelezaji kuliko watu wote, kwa sababu umewapachika hata majina. Mpango wa awali ulikuwa kila mtoto apate elimu ya msingi ifikapo mwaka 1989. Azimio la Musoma la mwaka 1974 likaisogeza tarehe hadi 1977. Lengo lilikuwa la haki, na wapo wazee wengi wanaosoma gazeti leo kwa sababu ya azimio hilo. Lakini wanafunzi waliongezeka zaidi ya mara mbili katika miaka michache, na walimu wakatafutwa miongoni mwa waliomaliza darasa la saba, wakasomeshwa huku wakifundisha. Watu wakawaita "walimu wa UPE", kwa dharau. Miaka thelathini baadaye shule za sekondari za kata zilipoongezwa kwa kasi, vijana wa kidato cha sita walipewa mafunzo ya muda mfupi mno na kupelekwa darasani. Hao wakaitwa "Voda Fasta". Hakuna aliyemtungia jina la dhihaka mtu aliyepanga tarehe.

Wala mchezo haujakoma. Mwaka 2016 ukusanyaji wa kodi ya majengo uliondolewa katika halmashauri ukapewa Mamlaka ya Mapato, na mwaka 2021 ukaunganishwa na ununuzi wa umeme. Ofisa wa halmashauri, aliyepokonywa chanzo cha mapato, ndiye aliyebaki kumweleza mwananchi kwa nini taka hazijazolewa.

Sheria Na. 7 ya mwaka 1982, inayohusu serikali za mitaa za wilaya, inasema kwamba Mkutano wa Kijiji, yaani wakazi wote waliofikisha umri wa miaka 18, ndio wenye mamlaka ya juu kabisa katika mambo yote ya sera ya kijiji. Ofisa mtendaji wa kijiji, hata hivyo, mwajiri wake ni halmashauri ya wilaya, na huko ndiko anakohukumiwa kazi yake. Kwa hiyo mara nyingi huuitisha mkutano huo ili kusoma maagizo yaliyokwisha kuamuliwa. Mkulima akinyosha mkono kuuliza kwa nini darasa linajengwa wakati kijiji kiliomba kisima, huambiwa kuwa hoja yake itafikishwa ngazi za juu.