MWANGAZA WA JANA USITUHUKUMIE LEO



Siku hizi katika interna kuna mabishano juu ya ile hadithi ya "kioo cha polepole" ambayo darasa la mwisho tuliisoma katika somo la Kiingereza. Wengine wanasema ni uongo mtupu, inapoteza wakati wetu. Wengine wanasema ni ulozi wa Wazungu. Sisi makapita hatukubali wa kwanza wala wa pili. Hadithi ile iko na fundisho, tena linatugusa hapa hapa masomoni.

Kwanza tuwaeleze wale ambao bado kuisoma. Mwandishi wake ni Bob Shaw, mtu wa Ireland ya Kaskazini, na aliitoa mwaka 1966. Katika dunia aliyoiwaza kuna kioo ambamo mwangaza unatembea polepole kabisa, hata unaweza kukaa ndani yake miaka 10 mbele ya kutokea upande wa pili. Watu wanakisimamisha mbele ya milima na ziwa, halafu wanakiuza. Mwenye kununua anakitia dirishani, na pahali pa ukuta wa jirani anaona ziwa miaka 10. Jambo zuri, sivyo? Lakini mwuzaji mmoja wa vioo hivi, Hagan, anayekaa Scotland, anakaa inje ya nyumba yake na kutazama dirishani mke wake na mtoto wake. Kumbe wote wawili walikwisha kufa zamani, waligongwa na motokari. Ndani ya nyumba hamna mtu.

Katika kitabu kingine cha mwaka 1972, hatari inazidi. Vioo vya namna ile vinatiwa mbele ya motokari na ndege. Mwangaza unachelewa kidogo tu, lakini dereva anaona njia vile ilivyokuwa, si vile ilivyo. Ajali inatokea, na macho yake yalikuwa wazi!

Je, ni uongo mtupu? Mwalimu wa fizike atatushuhudia. Mwangaza unapita karibu kilometa 300 000 kwa sekunde, lakini ndani ya kioo cha kawaida mbio inashuka mpaka karibu 200 000. Mwaka 1999 Lene Hau, mwanamke mwenye elimu kutoka Denmark, pamoja na wenzake huko Marekani, walipitisha mwangaza ndani ya gesi ya sodiamu yenye baridi kali sana. Mbio yake ikashuka mpaka meta 17 kwa sekunde. Motokari katika njia nzuri inaupita. Tena, jua tunaloliona ni lile la dakika 8 zilizopita. Nyota iliyo karibu kuliko zote, ukitoa jua, mwangaza wake unatumia zaidi ya miaka 4 kutufikia. Basi kila mutu anayetazama anaona jambo la nyuma. Si ulozi. Hatari ni kusahau kwamba ni la nyuma.

Sasa tuseme yetu. Masomoni tuko na kioo cha polepole: ni kitabu cha disiplini, na midomo yetu wenyewe. Mwanafunzi alikosa alipokuwa mdogo, akaazibiwa, kosa likaisha. Miaka mitatu imepita, lakini sabuni ikipotea katika chumba, jina lake ndilo la kwanza. Majina ya utani aliyopewa zamani yanamfuata mpaka darasa la mwisho. Tunamtazama yeye, lakini tunaona mtoto ambaye hayuko tena. Je, dereva yule ni tofauti na sisi?

Mtu atajibu: "Aliyeumwa na nyoka anaogopa hata kamba; ya zamani ni ushahidi." Ni kweli, na hatusemi kitabu kipasuliwe. Katika hadithi ya mwaka 1967 Shaw anaeleza habari za hakimu. Kioo cha polepole kilikuwa pahali pa mauaji, lakini kitaonyesha jambo kisha miaka 5 tu. Haki haikungoja. Mshitakiwa aliuawa kwa hukumu, na hakimu akabaki na miaka ya kujiuliza kama alikata vema. Kwa hiyo mwangaza wa zamani unaweza kuleta kweli. Lakini lazima kujua umri wake, na lazima kungoja mbele ya kukata neno.

Tunaomba mambo matatu. Moja: kila kosa linaloandikwa liandikwe na tarehe yake, na mwenye kufungua kitabu asome tarehe mbele ya jina. Mbili: kitu kikipotea, tutafute kwanza, tuulize wote sawasawa, tusianzie kwa yule yule. Tatu: majina ya utani yenye kukumbusha makosa yakome, na sisi makapita tuwe wa kwanza kuyaacha.

Mwenzetu anayekaa karibu nawe mezani hayuko mbali sawa na nyota. Ukitaka kujua leo yuko namna gani, muulize.

Haya ndiyo mawazo yetu. Asiyekubali aandike naye. Buletini ni ya wote.

Kapita Mkuu, kwa jina la makapita wote