Minara ya Simu Gisenyi: Ni Mali ya Nani Katika Vitabu?

Mwezi Mei 2025 kampuni ya IHS, ambayo kazi yake ni kumiliki minara ya simu na kuikodisha, ilitangaza kwamba imekubali kuuza shughuli zake zote za Rwanda kwa kampuni ya Paradigm Tower Ventures kwa thamani ya dola za Kimarekani milioni 274.5. Mauzo hayo, yanayohusu minara zaidi ya 1,400 katika nchi nzima, yalikamilika kabla ya mwaka kwisha. Mjini Gisenyi habari hiyo ilipita kimya. Simu ziliendelea kulia, wachuuzi wa mpakani wakaendelea kulipana kwa simu, wala hakuna mnara uliong'olewa. Lakini katika vitabu vya hesabu mali nyingi ilikuwa imebadilisha mikono, na jambo hilo linastahili kuangaliwa kwa makini zaidi kuliko lilivyoangaliwa.

Tunalileta mbele ya askari wa jeshi na wa polisi kwa sababu linawagusa kazini na mfukoni. Kazini, wao ndio wanaoitwa usiku kituo cha simu kinapovunjwa, nao ndio wanaotakiwa kuandika ni nini kilichoibwa, ni cha nani, na kina thamani gani. Mfukoni, hisa za MTN Rwanda zimekuwa zikiuzwa katika Soko la Hisa la Rwanda tangu 4 Mei 2021, na askari mwenye akiba yake Zigama, taasisi ya akiba na mikopo ya vyombo vya ulinzi na usalama iliyoanzishwa mwaka 1997, anaweza siku yoyote kuamua kuweka sehemu ya akiba hiyo katika hisa. Anayenunua hisa za kampuni ya simu hununua, pamoja na mengine, hesabu za mali zake.

Askari hana haja ya kufundishwa daftari la vifaa ni kitu gani. Aliyewahi kupokea simu ya upepo kutoka bohari anajua kwamba alitia sahihi. Kwamba akiipoteza ataulizwa. Na kwamba ikiharibika itarudishwa, itakaguliwa, kisha itafutwa katika daftari kwa idhini ya mwenye mamlaka. Daftari la mali za kudumu la kampuni ya simu ni lilo hilo, isipokuwa lina safu ya ziada, nayo ni safu ya fedha. Katika safu hiyo ndimo ugumu ulimo.

Tuseme kampuni imenunua jenereta kwa faranga milioni 12, ikakadiria kwamba itafanya kazi miaka 6. Haiandiki milioni 12 zote kuwa matumizi ya mwaka wa kwanza, bali hutoa milioni 2 kila mwaka, na kitendo hicho ndicho kiitwacho uchakavu. Mwaka wa saba jenereta hiyo husomeka sifuri katika vitabu, hata kama bado inanguruma uani. Jengo hupewa umri mrefu, mnara wa chuma umri wa kadiri, vyombo vya redio vilivyofungwa juu yake umri mfupi zaidi, na betri umri mfupi kuliko vyote. Kiwango namba 16 cha kimataifa cha hesabu, kinachohusu majengo, mitambo na vifaa, kinataka kila sehemu kubwa yenye umri wake ihesabiwe peke yake, na makadirio ya umri yapitiwe upya angalau kila mwisho wa mwaka.

Neno "makadirio" lisipite hivi hivi. Meneja akisema kwamba jenereta ile itaishi miaka 8 badala ya 6, uchakavu wa mwaka hushuka kutoka milioni 2 hadi milioni moja na nusu. Faida imeongezeka nusu milioni pasipo mtu kuuza hata dakika moja ya maongezi. Huenda meneja amesema kweli, kwa kuwa mafundi wake wanaitunza mashine vizuri. Huenda pia amesema hivyo kwa sababu mwaka umekuwa mbaya. Kwa hiyo msomaji wa taarifa za hesabu hana budi kwenda kwenye kurasa za nyuma, zilizochapwa kwa herufi ndogo, ambako umri wa kila aina ya mali hutajwa, na kuulinganisha na wa mwaka uliotangulia.

Hila kubwa kuliko hiyo ni ya kugeuza matumizi kuwa mali. Kampuni ya WorldCom ya Marekani ilikuwa ikilipa kampuni nyingine kwa kutumia njia zao za simu, malipo ambayo kwa kila kanuni ni matumizi ya mwaka. Wakubwa wake wakaamuru yaandikwe kuwa mali za kudumu, kana kwamba kampuni ilikuwa imejenga kitu. Wakaguzi wa ndani, wakiongozwa na Cynthia Cooper, waliligundua jambo hilo. Mwezi Juni 2002 kampuni ikakiri kiasi cha dola bilioni 3.8, na hesabu za baadaye zikaonyesha kwamba udanganyifu wote ulifika kama bilioni 11. Mkuu wake, Bernard Ebbers, alihukumiwa kifungo cha miaka 25 mwaka 2005. Hakuna mnara hata mmoja ulioibwa. Wizi wote ulifanyika kwa kuhamisha tarakimu kutoka ukurasa mmoja hadi mwingine, na maelfu ya wafanyakazi wakapoteza kazi.

Turudi Gisenyi. Hadi miaka kumi na kidogo iliyopita, aliyeuona mnara wa MTN alikuwa sahihi kusema kwamba ni mali ya MTN. Desemba 2013 kampuni hiyo ilikubaliana na IHS kuiuzia minara yake ya Rwanda na Zambia, jumla 1,228, na kuanzia 2014 ikawa mpangaji kwenye minara iliyoijenga yenyewe. Ilipata fedha taslimu kwa mkupuo mmoja, na ikajifunga kulipa kodi kwa miaka mingi. Wengi waliona kwamba kampuni imejipunguzia mzigo. Sisi tunaona kwamba mzigo haukuondoka, ila umehamishwa ukurasa.

Kwa muda hata ukurasa wenyewe haukuonekana, kwa maana kodi iliandikwa kama matumizi ya kawaida ya mwaka, na deni la miaka iliyobaki halikuonyeshwa katika mizania. Hali hiyo ilikoma tarehe 1 Januari 2019, kilipoanza kutumika kiwango namba 16 cha taarifa za fedha (namba zimegongana na kile tulichokitaja juu, na si wasomaji peke yao wanaochanganyikiwa). Sasa mpangaji hana budi kuandika upande mmoja haki yake ya kuutumia mnara, kama mali inayochakaa, na upande wa pili deni lote la kodi iliyosalia, kama mkopo unaozaa riba.

Matokeo yake ni ya ajabu kwa asiyezoea. Magazeti ya biashara hupenda kutaja faida kabla ya riba, kodi ya serikali na uchakavu. Kwa kuwa kodi ya minara siku hizi huonekana kwa sura ya uchakavu na riba, faida hiyo inayotajwa imepanda katika kampuni zote zinazokodi minara, ilhali hakuna faranga moja iliyoongezeka sandukuni. Askari anayetaka kununua hisa asivutwe na tarakimu hiyo. Aangalie faida ya mwisho, kisha aangalie deni la upangaji na sarafu yake. Kodi za minara barani Afrika mara nyingi hufungamanishwa na dola, zote au kwa sehemu, na katika mwaka 2023 faranga ya Rwanda ilipungua thamani kwa karibu asilimia 18 dhidi ya dola. Deni la namna hiyo hukua lenyewe usiku, mwenye nalo akiwa amelala.

Sasa tumtazame polisi aliyefika kwenye kituo kilichovunjwa. Uzio ni mmoja, lakini ndani yake mna wenye mali wengi. Mnara wenyewe, na mara nyingi jenereta na betri pia, ni vya kampuni ya minara. Antena na vyombo vya redio ni vya kampuni ya simu, tena pengine ni kampuni mbili zinazogawana mnara mmoja. Waya unaoleta mawasiliano kutoka Kigali waweza kuwa wa kampuni nyingine kabisa. Shamba ambamo vyote vimesimama aghalabu limekodiwa kwa mwananchi wa hapo hapo. Kuandika tu kwamba "mali ya kampuni ya simu imeibwa" ni kumpa wakili wa mshitakiwa tundu la kupitia, kwani atakapouliza mlalamikaji ni nani, shahidi aliyeitwa huenda akawa si mwenye mali.

Kadhalika upo mtego wa thamani. Mhasibu akiulizwa betri zilizoibwa zina thamani gani, atafungua daftari na kusema kweli kama daftari linavyosema: karibu na sifuri, kwa kuwa umri wake umekwisha. Lakini kuzirudisha kutagharimu bei ya betri mpya, na saa zile ambazo mawasiliano yalikatika mpakani hazimo katika daftari lolote. Kwa maoni yetu mpelelezi mwema huomba vitu viwili pamoja: nakala ya daftari la mali, yenye namba ya kila kifaa, ili kuthibitisha umiliki, na hati ya bei ya sasa, ili kuthibitisha hasara. Cha kwanza bila cha pili hulifanya kosa kubwa lionekane dogo.

Gisenyi ina mambo mengine ya kumsumbua mhasibu, ambayo mwenzake wa mji tulivu hayajui. Jioni ya 22 Mei 2021 volkano ya Nyiragongo ililipuka. Lava ilisimama ukingoni mwa Goma, tofauti na Januari 2002 ilipopita katikati ya mji huo, lakini matetemeko ya siku zilizofuata yalipasua barabara na kubomoa nyumba nyingi upande huu wa mpaka. Miaka miwili baadaye, usiku wa kuamkia 3 Mei 2023, mvua kubwa iliufurisha mto Sebeya, na zaidi ya watu 130 wakapoteza maisha nchini, wengi katika wilaya za magharibi. Zaidi ya hayo, milima inayozunguka ziwa Kivu hupigwa na radi kuliko sehemu nyingi za dunia, na radi hutafuta kitu kirefu cha chuma.

Baada ya matukio kama hayo, kusubiri uchakavu ufanye kazi yake polepole hakuruhusiwi. Kampuni hutakiwa kujiuliza kila kituo kitaingiza kiasi gani tangu sasa, na kama kiasi hicho ni kidogo kuliko thamani iliyomo vitabuni, tofauti ifutwe mara moja na ionekane kama hasara. Mnara waweza kusimama wima, bila ufa, na bado ukapoteza thamani kwa sababu wakazi wa bondeni wamehamishwa na hakuna tena wa kupiga simu. Bima nayo haifuniki hasara hiyo kimya kimya: hasara huandikwa mahali pake, na fidia mahali pake. Na siku mnara utakapoondolewa, shamba la mwananchi lirudishwe kama lilivyokuwa ikiwa mkataba unasema hivyo. Gharama ya kazi hiyo hukadiriwa na kuwekwa vitabuni tangu siku mnara unajengwa.

Kwamba thamani ya mali ya simu haimo katika chuma peke yake, historia ya Rwandatel yatosha kuonyesha. Mwaka 2005 shirika hilo la umma liliuzwa kwa kampuni ya Terracom kwa dola milioni 20. Mwaka 2007 serikali ililirudisha mikononi mwake, na Oktoba mwaka huo huo asilimia 80 zikauzwa kwa LAP Green ya Libya kwa dola milioni 100. Majengo na nyaya havikuongezeka mara tano kwa miaka miwili; kilicholipiwa ni leseni na matumaini. Aprili 2011 mamlaka ya usimamizi, RURA, iliifuta leseni ya simu za mkononi ya Rwandatel kwa kutotimiza masharti, na vilivyobaki vikauzwa na mfilisi kwa sehemu ndogo tu ya fedha zile. Mtandao wake wa simu za mezani ulichukuliwa na Liquid Telecom mwaka 2013.

Majirani wetu walilijua somo hilo mapema zaidi. Jumuiya ya Afrika Mashariki ya zamani ilipovunjika mwaka 1977, kila nchi ilibaki na majengo, mitambo na nyaya za Shirika la Posta na Simu zilizokuwa katika ardhi yake, na mzozo ukawa ni thamani gani iandikwe. Mswisi Victor Umbricht alipatanisha, lakini mkataba haukutiwa sahihi hadi 14 Mei 1984 mjini Arusha: mali zote za Jumuiya zikagawanywa asilimia 42 kwa Kenya, 32 kwa Tanzania na 26 kwa Uganda, nayo Uganda, iliyobaki na pungufu ya fungu lake, ikaahidiwa fidia. Yalikuwa mabishano ya miaka saba.

Mmiliki mpya wa minara ya IHS hana muda kama huo. Kanuni zinampa mwaka mmoja tangu siku ya kununua kukadiria upya thamani ya kila mali aliyoipata. Mnara wa Rubavu ambao katika vitabu vya zamani ulikuwa umekaribia sifuri utaandikwa kwa thamani mpya, utapewa umri mpya, na utaanza kuchakaa upya. Katika vitabu vya kampuni za simu zinazoukodi, kwa mnara ule ule na kwa siku ile ile, hakitabadilika kitu isipokuwa jina la anayelipwa.