Kura ya Binti Yetu Aliyeko Nairobi



Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na sahaba zake. Amma baad.

Majuma machache yaliyopita, binti mmoja wa hapa kwetu, aliyeolewa akahamia Nairobi, alitupigia simu. Anaishi Eastleigh, katika eneo bunge la Kamukunji, pamoja na mumewe na watoto watatu. Mtaro ulio mbele ya nyumba yao umeziba tangu mvua zilipoanza, maji machafu yanavuka kizingiti, na mtoto mdogo anaharisha. Akatuuliza, "Maalim, haya tumlalamikie nani?" Tukamwambia, "Mwanangu, anza kwa mwakilishi wadi wako." Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Simjui, Maalim. Kura yangu mimi iko Kisauni."

Jibu hilo limetukaa moyoni, kwani binti huyu hayuko peke yake. Wengi katika watoto wetu wanaishi na kufanya kazi katika jiji kuu, wanazaa na kusomesha huko, lakini majina yao yangali katika sajili ya wapigakura ya Pwani. Siku ya kura ikiwadia, wenye nauli husafiri kuja kwetu, na wasio nayo hukaa nyumbani. Kwa vyovyote vile, mtaa wanaoishi haupati sauti yao.

Tukisikia neno uchaguzi, fikra zetu humkimbilia rais. Lakini mpigakura hupewa karatasi sita, na kura ya rais ina uzito uleule, ipigwe Kisauni au Kamukunji. Kinachobadilika ni zile nyingine, hasa ya gavana na ya mwakilishi wadi. Katiba ya mwaka 2010 iliziachia kaunti mambo ambayo mama wa nyumba huyaona kila siku: zahanati na vituo vya afya, uzoaji wa taka, maji na mitaro, masoko, barabara za mitaani na taa zake, shule za chekechea, hata makaburi. Leseni za pombe pia ni kazi ya kaunti. Baa ikifunguliwa kando ya madrasa, aliyeipa idhini si rais.

Nairobi ina maeneo bunge 17 na wadi 85, na kila wadi humchagua mtu wake katika bunge la kaunti. Jiji hilo limeonja machungu ya uongozi kuyumba. Mwaka 2020 huduma kubwa kama afya, barabara na mipango ya jiji zilihamishiwa serikali kuu, zikasimamiwa na watu walioteuliwa badala ya waliochaguliwa. Desemba ya mwaka huohuo Seneti ikamwondoa gavana Mike Sonko, aliyechaguliwa mwaka 2017. Mkazi hakuwa na la kufanya ila kungoja debe la Agosti 2022. Miaka mitano ni mirefu kwa mwenye mtoto mgonjwa.

Katika Surat An-Nisaa, aya ya 58, Mwenyezi Mungu ametuamrisha kuzifikisha amana kwa wanaozistahiki. Tena wako wanazuoni waliosema kwamba kura ni ushahidi: unamshuhudia mtu kuwa anafaa. Na shahidi mwema hushuhudia analolijua. Je, binti yetu wa Eastleigh anajua nini leo kuhusu wanaogombea wadi yake huko Kisauni? Amezoea kuuliza jamaa, "Nimpe nani?" Ilhali wa mtaani kwake angeweza kuwapima kwa macho yake.

Twajua watakaotupinga. Watasema kwamba tukihamisha kura tutapungua nyumbani, na kwamba mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani. Methali hiyo ni ya kweli, na hatumwambii yeyote aikane Pwani. Aliye huko kwa kibarua cha muda, mke na watoto wakiwa hapa, nyumbani kwake ni hapa. Lakini aliyehamia na aila yake, watoto wake wanakunywa maji ya Nairobi na kutibiwa katika zahanati za Nairobi. Hao ndio aliowekewa dhamana. Nasi tulio huku tuna wajibu wa kuusimamia mji wetu bila kutegemea kura ya asiyekaa nao.

Mama zetu na dada zetu, neno hili ni lenu zaidi, kwani mtaro ukiziba ni nyinyi mnaofua na kuuguza. Aya ya 12 ya Surat Al-Mumtahina inahusu wanawake walipokuja kumpa Mtume (S.A.W.) ahadi yao, waliitoa kwa ndimi zao. Shaurianeni na waume zenu, maana shauri ni sunna, lakini ushahidi wako ndani ya kibanda cha kura utaulizwa wewe. Wala usiuuze kwa leso na pakiti ya unga. Leso huchakaa kabla ya mwaka, na uliyemchagua yungali kitini.

Uchaguzi ujao ni Jumanne ya pili ya Agosti 2027. Anayetaka kuhamisha kura yake na aende mwenyewe, na kitambulisho chake, katika ofisi ya tume ya uchaguzi ya eneo bunge analoishi, mapema kabla sajili haijafungwa. Wazazi mlio hapa, jioni hii mkizungumza na watoto wenu walioko Nairobi, waulizeni: "Mwakilishi wadi wenu ni nani?" Wakinyamaza kama alivyonyamaza binti yetu, wasomeeni makala haya.

Wabillahi tawfiq.