Kijiji kisichohesabiwa hakipewi kitu



Leo tuseme habari ya wavuvi wa Ziwa Mweru, wale wanaokaa upande wetu wa Kongo. Toka kusini, mahali mto Luapula unapoingia, mpaka Pweto, mahali Luvua inapotoka kwenda kukutana na Lualaba, kando ya ziwa mna vijiji vingi vya wavuvi. Ziwa lenyewe lina kilometa za mraba karibu 5,000, na mpaka wetu na Zambia unapita katika maji. Hata kisiwa cha Kilwa, kilicho karibu na upande wetu, ni cha Zambia.

Watu wa vijiji hivi ni wangapi? Hakuna kitabu kinachojibu. Samaki wakiwa wengi, kijiji kinajaa wavuvi wageni, wanawake wa kuanika chisense juani, na wachuuzi wenye magunia. Samaki wakipungua, wengi wanahama. Vita ikija, wanavuka maji: Desemba 2000, Pweto ilipotekwa, watu kwa maelfu walikimbilia Zambia.

Lakini kuhama si sababu ya kutohesabiwa. Wazambia wanavua katika ziwa lile lile, nao wamehesabiwa mwaka 1990, 2000, 2010 na 2022. Sisi Wakongomani, hesabu ya mwisho ya inchi nzima ilifanywa mwaka 1984. Mtoto aliyezaliwa mara baada ya hesabu ile amekwisha kuwa mzee wa nyumba yake, na Leta haijamhesabu hata mara moja.

Wengine watasema: hesabu ni makaratasi tu. Tunakataa! Sheria ya tarehe 7 Oktoba 2008 inasema makao makuu ya teritwari ni komini. Mahali pengine panapotaka cheo hicho sharti pawe na watu 20,000 au zaidi, na Waziri Mkuu atoe amri yake. Komini ina baraza lake, burugumestre wake, na haki ya kupata fungu katika mali ya Leta. Kijiji peke yake hakina haki hizo. Kinangojea mkono wa wakubwa wake.

Basi Pweto ina cheo kwa kuwa ni makao makuu. Kijiji kikubwa cha wavuvi kitaonyesha namna gani kwamba watu wake wametimia 20,000, ikiwa tangu 1984 hakuna aliyekuja kuhesabu? Mwenye rafiki katika biro ataandikiwa hesabu nzuri. Mnyonge ataandikiwa ya kukisia.

Siku ya kodi, mtumbwi unahesabiwa, wavu unahesabiwa, gunia la samaki linahesabiwa. Mwenye mtumbwi ndiye asiyehesabiwa. Na tusisahau kwamba tangu wakati wa Wabeleji samaki wa Mweru na Luapula walipita Kasenga kwenda kulisha wafanyakazi wa migodi ya Katanga. Sisi wa migodini tumekula jasho la watu hawa miaka mingi.

Kwa hiyo tunadai: watu wahesabiwe, wenye kukaa na wenye kuhama, na hesabu isomwe wazi mbele ya wanakijiji wenyewe. Nanyi wandugu wa ziwani, msingoje. Kila kijiji kifungue daftari lake: nyumba, waliozaliwa, waliokufa, waliohama, waliorudi. Siku karani wa Leta atakapokuja na namba yake ya kukisia, mfungulieni daftari lenu.