Miaka Kumi si Kazi ya Muda

Msimu wa pamba katika Kanda ya Ziwa una mwanzo na una mwisho. Marobota yakishapakiwa kinu hufungwa, na kibarua aliyeajiriwa kwa msimu hurudi shambani kwake Magu au Kwimba, akijua kwamba ndivyo yalivyokuwa mapatano. Hapo hapana aliyedhulumiwa. Lakini wagonjwa wa Sengerema hawana msimu, taka za mwalo wa Kirumba hazina msimu, wala mama mjamzito wa kisiwani Ukerewe hangoji mwaka mpya wa fedha ndipo ajifungue. Kazi za kuwahudumia hao ni za kudumu kwa asili yake. Iweje basi anayezifanya mwaka hata mwaka aitwe mfanyakazi wa muda?

Chanzo cha jambo hili kinajulikana. Ajira ya kudumu serikalini hutaka nafasi iwemo katika ikama na kibali kitoke Utumishi. Kibali kikichelewa, halmashauri huajiri kwa mkataba na kulipa kutokana na mapato yake ya ndani. Ikiwa ni hatua ya dharura, si vibaya. Ubaya huanza dharura inapogeuka desturi: mkataba wa mwaka mmoja hufuatwa na mwingine, na mwingine tena, hata mlinzi wa zahanati aliyeingia kijana akawa na wajukuu, na bado kila ufikapo Juni moyo humdunda. Ushuru wa samaki ukipungua, mshahara wake ndio wa kwanza kuchelewa.

Dhuluma kubwa zaidi hungoja uzeeni. Ili kupata pensheni, mwanachama wa mfuko wa hifadhi ya jamii hutakiwa awe amechangia miezi 180, yaani miaka 15. Mwenye mikataba ya kukatikakatika aweza kufikia umri wa miaka 60 akiwa ametumikia umma nusu ya uhai wake, na hesabu hiyo asiitimize.

Wakoloni walikuwa na kipande, kadi ya siku 30 za kazi. Ikijaa, mtu hulipwa na kuanza tena kama mgeni. Nchi huru iliukataa mtindo huo wa kumtumia mtu na kumtupa. Mwaka 1964 Bunge lilitunga sheria ya kumzuia mwajiri asimfukuze mfanyakazi apendavyo. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 nayo ilitamka kwamba kukataa kuuhuisha mkataba wa muda, hali mfanyakazi alikuwa na sababu ya kutarajia kuwa utahuishwa, ni sawa na kumwachisha kazi. Haielekei maofisa wa kazi waende kwenye viwanda vya minofu ya sangara kuhimiza sheria hiyo, huku mfagizi anayewafungulia mlango asubuhi hajui kama mwezi ujao atakuwa na kazi.

Wapo wasemao kuwa nafasi za kudumu sharti zitangazwe na kushindaniwa kupitia Sekretarieti ya Ajira, na kwamba vijana wengi wanangoja. Hoja hiyo ina uzito. Hata hivyo, aliyepimwa na kazi yenyewe kwa miaka kumi amekwisha kufanya usaili mrefu kuliko wote. Wengine husema wengi hawana cheti cha kidato cha nne. Mwaka 2018 Serikali yenyewe iliagiza warejeshwe kazini watumishi wa darasa la saba walioajiriwa kabla ya Mei 20, 2004. Kumbe nia ikiwapo, njia hupatikana.

Nchini Kenya, wahudumu wa afya walioajiriwa kwa mkataba mwaka 2020 walilazimika kupiga kambi Nairobi mwaka 2025 kudai ajira ya kudumu. Hapana haja ya kungoja hali ifike huko.

Mabaraza ya madiwani yatakapoketi kupitia makisio ya mwaka ujao, yadai kwanza orodha ya wote waliotumika kwa mkataba miaka mitano au zaidi, kila mmoja na tarehe ya mkataba wake wa kwanza. Orodha hiyo ipelekwe Utumishi pamoja na maombi ya ikama, na majibu yake yabandikwe katika ofisi za kata, wahusika wayasome wenyewe.