Selma Haikupumbaza Mtu

Anayeshikilia kwamba runinga iliwapa Wamarekani uvivu wa kufikiri, na si kingine, ameiruka Selma, Alabama. Tarehe 7 Machi 1965 polisi waliwavamia kwa virungu na mabomu ya machozi Wamarekani weusi walioandamana kupitia daraja la mji huo kudai haki ya kupiga kura. John Lewis, mmoja wa viongozi wa maandamano hayo, alivunjwa fuvu. Usiku huohuo kituo cha ABC kilikatiza filamu ya Judgment at Nuremberg, inayohusu kesi ya mahakimu wa utawala wa Nazi, kikaonyesha yaliyotokea darajani: farasi, moshi, watu wakipigwa hali wameanguka chini. Familia zilizokaa sebuleni kutazama maovu ya Ujerumani zikaonyeshwa ya kwao. Ndani ya siku chache watu wa majimbo ya mbali, mapadri na masista wakiwamo, walikuwa wameshafika Selma. Agosti 6 Rais Lyndon Johnson akatia saini Sheria ya Haki ya Kupiga Kura.

Kamera hazikushinda, walioshinda ni waliopigwa. Lakini waliandamana wakijua zipo, na walizitaka ziwepo. Kusema watazamaji wale walipumbazwa ni kuwadhulumu wao, na zaidi waliomwaga damu ili waonekane.