Myanmar: Dhamiri Mbele ya Bunduki

Usiku wa tarehe 2 Februari 2021, siku moja baada ya Jenerali Min Aung Hlaing kutwaa madaraka nchini Myanmar, wakazi wa mji wa Yangon waligonga masufuria majumbani mwao. Kwa desturi yao, kelele hizo hufukuza pepo wabaya. Kesho yake madaktari na wauguzi wa hospitali za serikali waligoma; wakafuatwa na walimu, wafanyakazi wa reli na wa benki.

Wapendwa wasomaji, udikteta hauishi kwa bunduki pekee. Unamhitaji karani wa kugonga muhuri na mhasibu wa kulipa mishahara. Hao wakikataa, amri hubaki karatasi tupu. Lakini yafaa kusema ukweli wote: jeshi la Myanmar lina makampuni yake lenyewe na silaha kutoka nje, hivyo migomo haikuliangusha. Lilijibu kwa risasi, na vijana wengi wakakimbilia misituni kushika silaha.

Hapo ndipo dhamiri ya Mkristo inapojaribiwa. Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba 2242, yafundisha kwamba raia hufungwa na dhamiri kutotii maagizo ya serikali yanayopinga maadili. Lakini kuhusu upinzani wa silaha, namba 2243 yaweka masharti matano, yote kwa pamoja: haki za msingi ziwe zimevunjwa kwa hakika, vikali na kwa muda mrefu, njia nyingine zote ziwe zimejaribiwa, yasizuke machafuko mabaya zaidi, pawepo tumaini thabiti la kufaulu, na isionekane suluhisho lililo bora. Tulio mbali tusiwe wepesi kuwahukumu vijana wale, wala tusiyapunguze masharti hayo.

Machi 2021, mjini Myitkyina, Sista Ann Rose Nu Tawng alipiga magoti barabarani mbele ya polisi, akiwasihi wamuue yeye na kuwaacha vijana. Risasi zilifyatuliwa hata hivyo, na watu wakafa. Je, alishindwa? Tukumbuke kwamba polisi wawili walipiga magoti mbele yake. Aliwakumbusha kwamba nao wana dhamiri.

Dhamiri ya namna hiyo haizaliwi siku ya mapinduzi. Hulelewa mapema, pale mtu anapokataa kutia sahihi hati ya uongo ofisini ilhali mkubwa wake anamshinikiza. Tuwaombee ndugu zetu wa Myanmar, na tuanzie hapo.